Barua kuhusu Allihies

Castletownbere, Ayalandi

Mpendwa shoga yangu,

Salamu nyingi sana, na nisalimie wazee wote hapo nyumbani. Barua yako nimeipata. Umeniuliza watu wa huku wanaishije, nami nimeona nikueleze habari za Allihies, kijiji kilicho karibu na ncha ya rasi ya Beara, magharibi ya Cork. Wewe ni mtoto wa Geita, mambo ya migodi sina haja ya kukufafanulia.

Nikiwa sina zamu kwenye nyumba ya wazee, jirani hunipa lifti mpaka huko. Ni barabara moja tu, nyumba zimepakwa nyekundu, njano na buluu, kanisa, baa, na mbele yake Atlantiki. Kila dereva mnayepishana naye huinua kidole kimoja kwenye usukani kukusalimu, akujue asikujue. Mlimani juu ya kijiji limesimama jumba refu la mawe, na hilo ndilo lililonifanya nianze kuulizauliza.

Familia ya Puxley, wenye ardhi wa kule, walianza kuchimba shaba mwaka 1812. Mafundi waliwaleta kutoka Cornwall, Uingereza, wakawajengea nyumba nzuri, na mwaka 1845 hao wageni wakapata na kanisa lao la Kimethodisti. Wenyeji, Wakatoliki, walilipwa kidogo na kuishi vibandani. Wanaume walishuka shimoni. Wanawake na watoto walibaki juu wakiponda mawe kwa nyundo, mvua iwanyeshee isiwanyeshee. Shaba ilipakiwa melini ikaenda kuyeyushwa Swansea, Wales. Mwaka huohuo wa 1845 ugonjwa ukaingia kwenye viazi, na viazi ndivyo vilivyokuwa chakula cha maskini. Katika njaa iliyofuata Ayalandi ilipoteza watu wapatao milioni moja.

Sasa hilo jumba. Zamani mchimbaji akimaliza kazi alipanda ngazi moja baada ya nyingine, mamia ya mita, na uchovu wote ule. Mwaka 1862 wakajenga mtambo wa kuwapandisha. Ni nguzo ndefu ya mbao inayoteremka shimoni, imepigiliwa vibao vya kukanyaga, na injini ya mvuke inaivuta juu kisha inaishusha, bila kupumzika. Mtu anasimama kwenye kibao, anainuliwa kidogo, anahamia jukwaa la pembeni, anangoja kibao kingine kishuke, anakikanyaga. Hivyo hivyo gizani mpaka anatokea juani. Akikosea hatua moja, basi. Nilisimama chini ya jumba lile nikawafikiria vijana wa ishirini na kitu wakifanya hivyo kila siku, na roho iliniuma kwelikweli.

Bei ya shaba ilipoanguka, mgodi nao ukafa, na kufikia miaka ya 1880 kazi ilikuwa imekwisha. Watu wakafuata shaba Marekani, wengi wakaishia Butte, Montana. Huko nako vumbi liliwala mapafu, na mwaka 1917 moto wa mgodini uliua watu 168. Mpaka leo Beara na Butte ni ndugu: wazee ninaowatunza wanataja mitaa ya Butte ambayo hawajawahi kuikanyaga.

Kuna jambo utalipenda. Chini ya kijiji kuna ufuo wa Ballydonegan, mchanga mweupe, watoto wanaogelea kiangazi (jua huku halizami mpaka saa nne usiku!). Mchanga ule ni magwangala, yaani mabaki ya mawe ya mgodi, yaliyosagwa na kuteremshwa na maji mpaka baharini. Nadhani ndicho kitu pekee mgodi ule ulichowaachia watoto wa kijiji bila kuwadai chochote.

Kuhusu maisha ya sasa: kondoo, uvuvi huku Castletownbere, wageni wa kiangazi. Majina ya ukoo ni O'Sullivan na Harrington kila upande, kwa hiyo kila tawi lina jina lake la utani. Lakini kilichonifanya nijisikie niko kwa watu ni misiba. Redio hutangaza majina ya marehemu, na kijiji kizima huja. Wanapanga foleni kumpa mkono kila mfiwa, majirani wanaleta mikate na keki, chai haikatiki, na kuna wanawake jikoni wanaoosha vikombe usiku kucha bila kuombwa. Mimi nilishika taulo nikawa nafuta, hakuna aliyeniuliza mimi ni nani.

Nina ombi. Babu yako alifanya kazi kwenye mgodi wa zamani wa Geita, ule uliofungwa miaka ya 1960. Muulize wenzake walikwenda wapi baada ya kufungwa, nani alirudi kwao, nani alibaki, na uniandikie majibu yake kama atakavyoyasema yeye mwenyewe. Wazee wa huku nimewaahidi kuwasimulia.

Ni mimi shoga yako,
wa Beara