Mhakiki atuambie kamera ilisimama wapi

Mhariri,

Naomba nafasi niseme neno kuhusu ukurasa wako wa filamu. Kila wiki tunasimuliwa hadithi: stelingi nani, adui nani, mwisho kafa nani. Hayo mtu akitoka kwenye banda la video hapa Mwanga anayo tayari. Anachokosa ni kuelezwa kwa nini tukio moja lilimshika roho na jingine likampita hivi hivi.

Mfaransa André Bazin aliifanya kazi hiyo maisha yake yote. Alizaliwa Angers mwaka 1918, akasomea ualimu, lakini kigugumizi kikamfungia mlango wa darasa. Paris ilipokombolewa akawa mhakiki wa gazeti la kila siku, Le Parisien libéré, huku akipeleka filamu viwandani na kujadiliana na wafanyakazi baada ya kuzitazama. Aprili 1951 yeye, Jacques Doniol-Valcroze na Lo Duca walianzisha jarida la Cahiers du cinéma. Saratani ya damu ilimuua Novemba 1958, akiwa na miaka 40 tu.

Tazama alivyoichambua filamu ya Kiingereza, Where No Vultures Fly, iliyopigwa huku kwetu Afrika Mashariki. Mtoto anaokota kitoto cha simba, anaondoka nacho, na simba jike anamfuata nyuma. Mwanzoni tunaonyeshwa mtoto peke yake, kisha simba peke yake, kwa zamu. Ni ujanja wa kawaida, hata simba wa kuazima angetosha. Ghafla mwongozaji anaacha kukata, yaani kuruka kutoka picha moja hadi nyingine: wazazi, mtoto na simba wote wamo ndani ya fremu moja. Hapo ndipo jasho linakutoka. Bazin alijua fika kwamba simba yule huenda alishazoea watu, lakini hoja yake haikuwa hiyo. Hatari ikitokana na wawili kuwa mahali pamoja, basi waonekane pamoja, japo kwa shoti moja, yaani kipande kimoja cha picha kisichokatwa. Kwingine kata upendavyo.

Sasa chukua filamu zetu. Mtumbwi unakimbizwa ziwani: uso wa mvuvi, wimbi, mamba, uso tena. Mamba na mvuvi hawakutani hata mara moja, na mtazamaji anahisi kadanganywa ingawa hawezi kusema wapi. Mhakiki ndiye wa kumwonyesha.

Tena kuwaonyesha wawili pamoja hakuwashindi vijana wetu kwa fedha. Zamani, ili aliye mbele na aliye nyuma waonekane vizuri kwa pamoja, ilitakiwa lenzi inayoona eneo pana, tundu la lenzi dogo na taa kali sana. Kamera ya simu, kwa udogo wa kihisio chake (kile kipande cha ndani kinachopokea mwanga), inafanya hivyo yenyewe mchana kweupe, mradi ile hali ya kufifisha mandhari izimwe. Ugumu uko kwingine: shoti ndefu haina pa kuficha kosa. Mwigizaji mmoja akisahau neno sekunde ya 50, wote wanarudia mwanzo, na maiki iliyofungwa pale kwenye kamera haimsikii aliyesimama mbali. Ndiyo maana wengi wanakimbilia kukata.

Basi mwandishi wako aitazame filamu mara mbili. Mara ya pili azime sauti, ashike kalamu, aandike kila picha inapokatwa na nani katolewa nje ya fremu. Akishapata hayo, hadithi aipe mistari mitatu tu.

Mpenzi wa filamu,
Mwanga, Kigoma