Salamu za shukrani kutoka Wales: Baba yetu mwigizaji

Familia ya marehemu baba mkwe wangu, Aberystwyth na Cardiff, pamoja na familia yetu ya Tanga, tunawashukuru kwa dhati ndugu, jamaa na marafiki mliokuwa nasi tangu alipougua hadi tulipompumzisha Jumamosi iliyopita.

Wengi wenu huko nyumbani mlimjua kama babu wa watoto, yule mzee wa kwenye simu aliyeitikia "marahaba" kwa sauti ya kutikisa nyumba. Huku hakuweza kununua mkate bila kusimamishwa njiani. Aliigiza kwa Kiwelisi, lugha ya asili ya Wales, zaidi ya miaka 40 na hakuwahi kupewa nafasi ya mhusika mkuu. Alikuwa mchungaji, mkulima, polisi, jirani mmbeya. Dakika 3 tu, na kesho yake watu wanamwiga dukani.

Alianza wakati vipindi vya Kiwelisi vikichomekwa katikati ya vile vya Kiingereza. Mwaka 1980 mwanasiasa Gwynfor Evans alitangaza atafunga hadi kufa, serikali isipotimiza ahadi ya kuwapa Wawelisi chaneli yao ya televisheni. Serikali ikakubali, na tarehe 1 Novemba 1982 chaneli hiyo, S4C, ikaanza kurusha matangazo. Baba alisema siku hiyo ndiyo iliyomlishia watoto. Miaka ya karibuni zikaja tamthilia zinazorekodiwa mara mbili, tukio lilelile kwa Kiwelisi kisha kwa Kiingereza, naye akashikilia kwamba hata mwendo wa mhusika hubadilika lugha ikibadilika. Wajukuu aliwakataza kunijibu Kiingereza nikiwasemesha Kiswahili. Kwa hilo namshukuru yeye kwanza.

Tunawashukuru wauguzi waliomsemesha Kiwelisi siku za mwisho, Kiingereza kilipokuwa kimemtoka kabisa. Waigizaji wenzake mlibeba jeneza. Waumini mliimba kwa sauti 4 bila kinanda, hata sisi tusiojua maneno tukalia. Waswahili wa Cardiff mlisafiri zaidi ya saa 2 na mapilau yenu yakafika yangali moto. Baba na mama, na ukoo wote wa Tanga, rambirambi na sala zenu zimetufikia. Hatuwezi kumtaja kila mmoja. Pokeeni asanteni zetu.

Sufuria 2 kubwa na chupa za chai zilizobaki ziko kwangu. Wenyewe karibuni mzichukue, chai ipo.

Mkamwana wake, kwa niaba ya familia