Watu wa makamo tunaumia kimyakimya

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie hali inayotusumbua sisi watu wa makamo hapa Tanga. Mwaka 1965 mtaalamu wa saikolojia Elliott Jaques, mzaliwa wa Kanada, aliandika kwamba mtu akifika katikati ya umri hutambua kuwa siku zake zina mwisho, akaanza kuyapima upya aliyoyatenda. Kupima huko ni kawaida ya binadamu. Kilichobadilika ni kipimo chenyewe.

Zamani mtu alijilinganisha na wenzake wa barazani Ngamiani, ambao alizijua nyumba zao na madeni yao pia. Leo anajilinganisha na kundi la WhatsApp la waliosoma naye, ambamo asubuhi mmoja ameweka picha ya nyumba aliyokwisha kuipaua, jioni mwingine ameweka ya mahafali ya mwanawe, na katikati inapita orodha ya michango ya harusi, kila jina na kiasi chake, isipokuwa lako ambalo mbele yake pako wazi. Mkopo uliojenga nyumba ile hakuna anayeupiga picha.

Hapo ndipo baadhi yetu hukimbilia mikopo ya simu. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilizipiga marufuku programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila leseni, na ilifanya vyema, kwani wapo wakopeshaji ambao mdaiwa akichelewa huwatumia ujumbe watu waliomo kwenye simu yake, mkwewe akiwemo. Mtu mzima akishavunjiwa heshima hivyo, atamtazamaje mkwewe usoni?

Wapo wanaosema haya ni maradhi ya Wazungu. Sikubaliani nao hata kidogo, maana mtu anayefoka nyumbani bila sababu na kukesha na simu hadi adhana ya alfajiri yupo hapa hapa Makorora. Wake zetu angalau huulizana hali kwenye vikoba, ingawa nao wana mzigo wa kukoma hedhi ambao sisi waume hatuutaji.

Nawaomba viongozi wa makundi waache kubandika orodha za michango. Mweka hazina azihifadhi mwenyewe. Nawaomba pia waganga wetu, wanapompima mtu wa umri huu presha na sukari, wamuulize na usingizi wake.

Msomaji wako,
Makorora, Tanga