YAH: MALALAMIKO KUHUSU ZIARA YA JIJI LA MWANZA YA TAREHE 17 MEI 2025, NA KUDHALILISHWA KWA MAMA YANGU PALE IGOMA

Meneja Mkuu,
Mwanza.

26 Mei 2025

Ndugu Meneja,

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Nimekaa siku tisa bila kuandika, kwa makusudi, ili hasira ipoe niweze kukuandikia kwa adabu kama nilivyolelewa. Haijapoa sana, ila nitajitahidi.

Sina haja ya kukueleza masharti ya ziara zenu. Mnayajua, mmeyachapa wenyewe nyuma ya risiti. Mlitangaza vituo vitano kwa siku moja: Jiwe la Bismarck, Kisiwa cha Saanane, soko la samaki Mwaloni, makaburi ya waliokufa kwenye ajali ya meli ya MV Bukoba pale Igoma, na Makumbusho ya Wasukuma Bujora. Nililipia watu watatu sh. 165,000: mimi na mama sh. 65,000 kila mmoja, na mwanangu wa miaka tisa sh. 35,000. Ujumbe wa muamala ninao kwenye simu. Dada wa mapokezi nilimwuliza mara mbili kama wazee wanahudumiwa bila kuharakishwa, na mara zote mbili alisema ndiyo. Nikamweleza na sababu ya kuuliza: mama ana miaka 74, anatembelea fimbo, na kilichomtoa Kahama hadi Mwanza ni kituo kimoja tu, Igoma.

Na ni Igoma hapo hapo mlipomdhalilisha. Mama alikuwa amepiga magoti anamwombea mdogo wake, mwongozaji wenu akasema kwa kipaza sauti, abiria wote wakisikia: "Mama, hii ni ziara, siyo msiba. Mwenye msiba akalie kwao." Halafu gari likaanza kuondoka.

Hayo ndiyo malalamiko yangu. Sasa nieleze siku yenyewe ilivyokwenda.

Tuliambiwa tufike saa mbili kamili asubuhi. Saa mbili kasoro dakika kumi tulikuwa pale karibu na kivuko cha Kamanga, mama ameshavaa kitenge chake kipya na sweta. Alipomwona mwongozaji wenu akamsalimu, "Mwangaluka." Yule kijana akamtazama, akaendelea na simu yake. Mwanza hii, Meneja, mtu wa makamo ya bibi yako anakusalimu kwa Kisukuma, lugha ya nyumbani, na wewe unampita kama umepita mti. Nilinyamaza. Nilijiambia labda hakusikia.

Tuliondoka saa nne kasoro robo kwa sababu maharusi walikuwa wanapigwa picha kwenye Jiwe la Bismarck. Siwalaumu maharusi, walikuwa watoto wenye adabu na ndio waliompisha mama kiti cha mbele. Nawalaumu ninyi, maana picha zile zilikuwa huduma ya ziada waliyowalipa ninyi, na muda uliotumika kuzipiga ulikuwa wetu sote. Dakika hamsini kwenye jiwe moja! Nalipenda jiwe lile, ni nembo ya jiji letu, kila mgeni lazima alione. Lakini kumbuka hizo dakika hamsini, kwa sababu Igoma tulipewa sita. Niliangalia saa.

Pale Kapripointi, tulikopandia boti ya kwenda Saanane, mama hakupanda. Tangu mwaka 1996 hapandi chombo chochote cha majini, na hilo nililiandika kwenye fomu yenu. Mliahidi kiti na mahali pa kivuli. Kivuli kilikuwepo kwa sababu Mungu aliotesha mti, kiti hakikuwepo. Alikaa kwenye jiwe kwa saa moja na nusu. Na akiwa amekaa pale alimwona mjukuu wake anaingia kwenye boti mliyokodi akiwa amevalishwa jaketi okozi la mtu mzima, limemfika magotini, mabegani linapwaya kama shuka kwenye kamba. Nikaomba la mtoto. Mwongozaji akasema, "Mshike tu, ni dakika chache." Nikavua mtandio wangu, nikalizungushia lile jaketi kiunoni kwa mtoto, nikakaza fundo. Mama alisimama ukingoni na fimbo yake hadi tulipogusa kisiwa, akasimama tena tuliporudi. Familia iliyompoteza mtu ziwani haiambiwi "ni dakika chache". Hata ambayo haijapoteza haiambiwi hivyo.

Kisiwani mwanangu akauliza kwa nini panaitwa Saanane. Mwongozaji akajibu kwamba zamani boti ya kwanza ilikuwa inaondoka saa nane mchana. Watu wakaandika. Tuliporudi garini mtoto akamsimulia bibi yake, na mama akasema taratibu, "Saanane alikuwa mtu." Ndivyo ilivyo. Kisiwa kinaitwa kwa jina la mzee Saanane Chawandi, aliyekuwa akilima na kuvua pale kabla ya serikali kukichukua kwa ajili ya bustani ya wanyama mwaka 1964. Leo ni hifadhi ya taifa, tangu 2013, hifadhi ndogo kuliko zote nchini, na pimbi wake wanaota jua mawe yale yale alikoota yeye. Mwongozaji wenu alicheka kwenye kipaza sauti, akasema, "Bibi ana hadithi zake." Gari zima likacheka, isipokuwa maharusi.

Mwaloni hatukushuka. Tulipita, vioo vimefungwa, na abiria wakaambiwa kwamba hapa kuna harufu kali ya dagaa hivyo tutaangalia kwa dirishani. Mama yangu alikuwa akitoka Kahama na kurudi na magunia ya dagaa wa Mwaloni miaka mingi. Ada yangu ya sekondari ilitoka kwenye magunia hayo. Alikuwa na hamu ya kuona kama bado kuna mtu anayemfahamu, na alikuwa na elfu kumi yake amefunga kwenye pindo la kitenge ya kununulia furu wakavu. Alirudi nayo hivyo hivyo, imefungwa.

Chakula mlichoahidi kilikuwa sato wa kuchoma na ugali. Tulipewa chipsi za baridi kwenye mfuko. Sitaki kulijadili hili, nalitaja tu.

Narudi Igoma, kwa sababu nikiandika mambo mengine mkono unarudi huko wenyewe.

Mjomba wangu alikuwa kitinda mimba kwao. Mama alimbeba mgongoni. Alikuwa akichukua ndizi Bukoba na kuziuza Mwanza, na tarehe 21 Mei 1996 alikuwa ndani ya MV Bukoba. Zaidi ya watu 800 walikufa. Mwili wake haukutambuliwa. Mama anaamini amelala Igoma pamoja na wale wengine wasiotambuliwa, na kwa kuwa hana kaburi moja la kuliita lake, huwa anachagua mahali pa kupiga magoti na kuwaombea wote. Tangu miguu ilipoanza kumsumbua hajawahi kufika. Tulichagua tarehe 17 kwa sababu tarehe 21 kunakuwa na watu wengi na yeye hawezi kusimama muda mrefu.

Gari liliposimama, mwongozaji akatoa maelezo yake bila kushuka. Alisema meli ilizama mwaka 1998. Ninarudia: alisema 1998, Igoma, mbele ya makaburi. Mama hakumsahihisha. Alishaonja kuchekwa mara moja asubuhi hiyo.

Alishuka, nikamshika mkono. Akatembea polepole, akavua ndala zake akaziweka pembeni, kama afanyavyo siku zote akienda kuomba. Akaniachia fimbo. Kupiga magoti kwake ni kazi: anaweka mkono mmoja chini kwanza, halafu goti moja, anapumzika, halafu la pili. Akatoa rozari. Alikuwa ameanza "Raha ya milele uwape ee Bwana" na hajafika kwenye mwanga wa milele, honi ikapigwa. Mara ya kwanza nilidhani ni gari la barabarani. Ikapigwa tena, ndefu. Kisha kipaza sauti, kile kile cha kuelezea mawe na visiwa: "Mama, tunachelewa! Mama, hii ni ziara, siyo msiba. Mwenye msiba akalie kwao." Kuna watu waliokuwa wanafagia upande wa pili wa makaburi, waliinua vichwa. Mwanangu alikuwa amesimama kati yangu na gari, akanitazama mimi, akamtazama bibi yake, akaanza kulia.

Mama hakumaliza sala. Alijaribu kuinuka haraka, akashindwa, akajaribu tena, kiganja chake kimejaa vumbi jekundu. Gari lilikuwa limeshaanza kusogea, mlango wazi, kama daladala inayogombania abiria. Bwana harusi akaruka chini akaja kunisaidia kumpandisha. Ni hapo tulipokaa ndipo nikaona mguu wake mmoja uko peku. Ndala moja ilibaki kule. Nikaomba dereva asimame. Mwongozaji akasema, "Ni ndala tu." Njia nzima mama alificha ule mguu chini ya kitenge. Hakusema neno hadi tulipofika nyumbani. Usiku aliniuliza kama nadhani mdogo wake alisikia yale maneno.

Na haraka yote ilikuwa ya nini? Nilimsikia mwongozaji kwa masikio yangu akisema kwenye simu kwamba ana kundi lingine saa tisa. Ndiyo maana Bujora hatukufika. Kutoka Igoma kwenda Kisesa ni mwendo mfupi barabara hiyo hiyo ya Musoma, lakini dereva aligeuza tukarudi mjini, tukaambiwa muda umeisha. Nilimwahidi mwanangu ngoma za watemi, nilimwahidi jengo lile lililojengwa mfano wa kiti cha mtemi. Bibi yake ndiye angekuwa mwongozaji wake humo, na angejua cha kusema.

Jumatatu nilipiga simu ofisini. Niliambiwa mama ndiye aliyechelewesha kundi. Kisha nikaambiwa kwamba kama ishara ya kujali mtanipa punguzo la asilimia ishirini kwenye ziara ijayo. Ziara ijayo na nani? Na huyo huyo?

Nilipoanza barua hii nilikusudia kuomba vitu viwili tu, barua ya kuomba radhi na kurudishiwa nusu ya fedha kwa vituo ambavyo hatukuviona. Nimeisoma upya hadi hapa na nusu hainitoshi. Nataka sh. 165,000 zote. Hamwezi kumwuzia mtu vituo vitano, akavikanyaga vitatu, cha tatu akafukuzwa kwa honi, mkabaki na hata senti.

Radhi nayo siitaki kwenye karatasi. Mwongozaji huyo aje mwenyewe, pamoja na wewe Meneja, mumsalimu mama yangu kwa adabu na mumwombe msamaha mbele ya mjukuu wake, kwa kuwa alidhalilishwa mbele yake. Yuko kwangu Buswelu hadi tarehe 12 Juni. Gari mnalo, njia mnaijua.

Nataka pia nijulishwe kwa maandishi kama kijana huyo ana leseni ya kuongoza watalii, na kama boti ile ina majaketi ya watoto. Abiria wengine wanapanda kila wiki.

Nawapa siku kumi na nne tangu kupokea barua hii. Zikipita kimya, nitapeleka malalamiko Tume ya Ushindani, kwa kuwa Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inakataza kumpotosha mlaji, na tangazo lenu la vituo vitano nimelihifadhi. Nakala itakwenda Wizara ya Maliasili na Utalii wanaowapa leseni. Maharusi wamekubali kuwa mashahidi. Bwana harusi alikuwa anarekodi na simu yake tangu honi ya kwanza, na sauti ya mwongozaji wenu inasikika neno kwa neno. Sijairusha popote. Mama amenikataza, amesema tuwape nafasi kwanza. Namheshimu mama, ila siku kumi na nne zikiisha nitamwomba ruhusa upya.

Na jambo la mwisho, ambalo nilipoanza kuandika halikuwemo. Mtampeleka mama Igoma kwa gari lenu, siku atakayochagua yeye, pasipo abiria wengine, mkiwa na kiti. Atakaa hadi amalize sala yake yote. Mwongozaji atasubiri nje ya gari, amesimama, na dereva atazima injini. Kama ile ndala bado ipo, mwongozaji ndiye atakayeiokota.

Nasubiri majibu yako kwa maandishi.

Mteja wenu,
viti namba 7, 8 na 9