Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Rangi Inaamuliwa Mbele ya Lenzi

Ndugu wanachama,

Mwaka huu kamati iliyaelekeza mafunzo yetu ya upigaji picha za filamu kwa mtu mmoja: Sławomir Idziak, mpigapicha na mwongozaji wa filamu wa Poland, mzaliwa wa Katowice mwaka 1945, aliyesomea chuo cha filamu cha Łódź. Wengi wetu siku hizi tunamwachia mhariri suala la rangi. Idziak aliimaliza kazi hiyo palepale kwenye kamera.

Muda mwingi tulikaa na Filamu Fupi Kuhusu Kuua (1988) ya mwongozaji wa Poland Krzysztof Kieślowski, ambayo Idziak aliipiga picha. Warsaw ya humo ina rangi ya maji ya mtaroni. Alitumia filta za kijani, yaani vioo vya rangi vinavyowekwa mbele ya lenzi, nyingine alizitengeneza kwa mkono zikiwa na giza pembeni, hadi uso wa mtu ukabaki peke yake na mtaa ukamezwa.

Wanachama wanaotaka kujaribu wazingatie haya. Filta ya kijani inazuia nyekundu, na ngozi ina nyekundu nyingi, kwa hiyo uso unapauka. Inakula mwanga pia: ikila stopu 2 (kila stopu moja ni kupunguza mwanga kwa nusu), unahitaji mwanga mara 4. Kamera ya dijitali iliyoachwa ipime nyeupe yenyewe, yaani ijirekebishe rangi, inaweza kuifuta kijani hiyo. Mchana ifunge kwenye Kelvin 5600, kipimo cha rangi ya mwanga wa mchana, ndipo uvishe filta. Ile yenye giza pembeni inataka tundu la lenzi liwe wazi, f/2.8 hivi (namba ya f ikiwa ndogo, tundu ni kubwa). Ukilibana hadi f/11, hasa kwa lenzi pana, ukingo wa giza utakaza na kuonekana kama uchafu kwenye kioo. Ukigeuza kamera, giza linakwenda nayo, hivyo mwigizaji asipobaki kwenye sehemu iliyo wazi anapotea.

Katika Bluu (1993), iliyompa tuzo ya upigaji picha huko Venice, kipande cha sukari kinagusa kahawa na rangi ya kahawia inapanda hadi juu. Kieślowski alitaka kilowe kwa sekunde 5 tu. Sukari ya kawaida huchukua kama 8, na msaidizi akalazimika kulowesha vipande vingi hadi akapata kinachofaa. Kwa ukaribu huo fokasi, yaani sehemu inayoonekana kali, ni ya milimita chache. Mkono ukitikisika, shoti imekwenda.

Alipewa uteuzi wa Oscar kwa Black Hawk Down (2001), ambamo Mogadishu iliigizwa Morocco, katika miji ya Rabat na Salé. Jua la pwani ya Mogadishu ni jeupe, la filamu yake ni la kijani na buluu. Kwa maoni yangu hapo alichagua hofu akaacha ukweli wa mahali, na hofu hiyo inamfikia mtazamaji.

Aliongoza filamu chache, zikiwemo Nauka latania (1978) na Enak (1992). Hizo tutazitazama mwaka ujao.

Mweka hazina atasoma hesabu. Mwenye filta za zamani za kioo, hata zilizokwaruzika, azilete mkutano ujao tuzipake rangi.