Batman wa 1992 bado anajaza benchi Katuba

Bwana Mhariri,

Msomaji wenu mmoja aliandika kwamba katuni za zamani za Batman zimepitwa na wakati, eti siku hizi kompyuta inachora vizuri zaidi. Mimi ni kinyozi hapa Katuba, Lubumbashi. Televisheni yangu iko juu ya kioo, na ile katuni iliyoanza kuonyeshwa Marekani mwaka 1992 inanisumbua kazini: mashine iko nyuma ya sikio, mteja anageuza kichwa.

Uchoraji wenyewe si wa kudharau. Mandhari ya Gotham, mji wa Batman, yalichorwa kwenye karatasi nyeusi, mwanga ukaongezwa juu yake. Lakini watu hawabaki kwenye benchi, wameshanyolewa, kwa sababu ya karatasi. Wanabaki kwa ajili ya Mr. Freeze, adui wa Batman. Mkewe Nora ni mgonjwa, naye amemgandisha huku akimtafutia dawa. Bosi wa kampuni anakofanya kazi Freeze anaona gharama zimezidi, anaamuru mitambo izimwe. Halafu bosi huyohuyo anapewa tuzo ya utu! Hapo wazee waliotoka migodini hupaza sauti. Juzi mtoto aliuliza, "Papa, uyu Freeze ni mubaya ao ni wa kusikilia huruma?" Mzee aliyekaa pembeni akamjibu kabla yangu: "Ni mubaya, lakini bosi anamupita." Na Batman, mwenye mafua siku hiyo, anamshinda Freeze kwa supu ya kuku ya moto. Benchi zima hucheka, hata waliokwisha kuiona.

Tena kuna sauti. Marehemu Kevin Conroy, aliyemsemea Batman, anasifiwa kwa Kiingereza, na ni haki yake, ila sisi tulimsikia Batman kwa Kifaransa cha Richard Darbois, yuleyule anayemsemea Harrison Ford. Joker, adui mwingine wa Batman, alisemewa na Pierre Hatet. Kicheko chake vijana wa mtaa wanakiiga mpaka leo, vibaya sana.

Sisemi vyote ni vizuri. Kile kipindi cha watoto wanaomficha Batman chini ya nyumba huwa nakiruka.

Vipindi viko 85 na flashi yangu haina vyote. Msomaji mwenye vilivyobaki, kwa Kifaransa tafadhali, avilete: nitamnyoa bure, yeye na watoto wake.

Kinyozi wa Katuba,
Lubumbashi