Wahafidhina tusiishie barazani

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niseme na wenzangu tunaojiita watetezi wa mila na familia hapa Dar es Salaam, kwa kuwa mimi ni mmoja wao na lawama hii inanihusu.

Tu wepesi wa kulalamika redioni na barazani, lakini kamati ya Bunge inapowaalika wadau kutoa maoni juu ya muswada, hatuonekani. Mwaka jana mwenyekiti wa mtaa wetu aliitisha mkutano katika darasa la shule ya msingi, tukafika watu 11, na karatasi ya mahudhurio ikarudi mezani ikiwa na mistari mingi mitupu, ilhali jioni ile ile kijiwe cha kahawa kilifurika wabishi wa jambo lile lile.

Phyllis Schlafly, mhafidhina mwenzetu na mama wa watoto sita wa jimbo la Illinois, Marekani, aligombea kuingia Kongresi, yaani Bunge la nchi hiyo, mwaka 1952 na 1970, akashindwa mara zote mbili, wala hakunyamaza. Tangu 1967 alitoa jarida la kila mwezi, na mwaka 1972, Kongresi ilipopitisha marekebisho ya Katiba kuhusu usawa wa haki kwa jinsia zote, akaanzisha kampeni ya kuyapinga wakati wengi waliamini yatapita bila shida. Yalihitaji kuridhiwa na majimbo 38. Yaliishia 35, na muda ukakatika tarehe 30 Juni 1982. Wanawake aliowafundisha kujenga hoja waliwafuata wabunge wa jimbo lao mjini Springfield wakiwa na mikate na jemu za mikono yao.

Sikubaliani naye katika hoja yenyewe. Nimemwona jirani yangu mjane akitolewa vyombo nje na ndugu wa marehemu kabla ya arobaini, na tangu siku hiyo siamini kwamba usawa mbele ya sheria unaivunja familia. Ninachokitaka kwake ni ule uvumilivu wa miaka kumi. Ibara ya 21 ya Katiba yetu inampa kila raia haki ya kushiriki kikamilifu katika maamuzi yanayomhusu, na haki hiyo haitumiki kijiweni.

Nawe Mhariri, nakuomba gazeti lichapishe mapema tarehe za vikao vya maoni pamoja na vifungu vyenyewe vya muswada, ili tunaokwenda tuwe tumevisoma.

Msomaji wenu,
Tandika, Dar es Salaam